Mama Marufuku na Bibi Harusi wa Dirisha la Nne

Ijumaa ijayo, tarehe 31 Agosti, saa tisa na nusu alasiri, mkuu wa chumba cha miswada katika kampuni yetu atafunga droo yake, atakabidhi ufunguo na kwenda zake nyumbani baada ya miaka ishirini na tisa na miezi minne ya utumishi. Katika muda huo ameandika filamu kumi na nne, amerekebisha za wengine zisizo na idadi, na amechelewa kazini mara moja tu, siku ambayo lifti ilikwama kati ya ghorofa ya pili na ya tatu naye akiwa ndani. Alipotolewa alikuwa na kurasa sita mkononi. Wengi wenu mnamfahamu kwa jina la Mama Marufuku. Jina hilo lina kisa chake, nitakifikia.

Kamati ya sherehe ilinipa kazi ya kuandika wasifu huu kwa sababu mbili. Kwanza, mimi ni mhariri wa miswada na nimekaa meza moja naye miaka kumi na minane. Pili, na hii waliisema kwa sauti ya chini, mimi ni mdaku. Sikatai. Nikiona bahasha imefungwa, mkono unaniwasha. Niliambiwa nijaze kurasa mbili za programu. Mtaona wenyewe kwamba mambo yalinizidi.

Sherehe itakuwa na keki, hotuba tatu fupi (tumeahidiwa), na filamu. Filamu yenyewe ni Dirisha la Nne, ya kwanza kabisa aliyoiandika, iliyotengenezwa kwa kujificha miaka thelathini na mitatu iliyopita na kusambazwa kwenye kaseti bila jina la mtu hata mmoja. Kampuni imeisafisha picha na sauti ili ionyeshwe katika ukumbi mkubwa, na safari hii majina ya walioitengeneza yatokee mwanzoni. Ilibaki saini moja tu, ya mwandishi, kwenye fomu ya idhini. Kwa wiki tano Mama Marufuku hakuisaini. Aliiweka chini ya kikombe chake cha kalamu, na kila nilipoitupia jicho aliniuliza kama nimemaliza kazi yangu. Bila saini hakuna filamu. Mtu aliyelificha jina lake kwa woga, leo anaombwa aliandike kwa herufi kubwa, na hataki. Kwa udaku wangu huu, ningetulia vipi?

Tuanze alikoanzia. Akiwa na miaka ishirini na saba alikuwa mpiga chapa katika ofisi ya kugawa nyumba. Kazi yake ilikuwa kuchapa barua zinazosema kwamba maombi yako yanashughulikiwa. Alichapa arobaini kwa siku, na anasema sentensi hiyo ameiandika mara nyingi kuliko jina lake. Saa ya mapumziko ya mchana aligeuza karatasi zilizoharibika, akaandika hadithi upande wa nyuma. Enzi hizo, aliyetaka kutengeneza filamu alipeleka muswada ofisi ya ukaguzi, apate mhuri na kibali. Aliupeleka wake mara tatu. Mara ya kwanza ulirudi umeandikwa “Haufai.” Mara ya pili, “Bado haufai.” Mara ya tatu, “Haufai kama tulivyokwisha kueleza.” Nakala zote tatu anazo, kwenye faili la rangi ya waridi.

Muswada ulihusu watu waliosimama foleni siku kumi na tisa mbele ya dirisha la ofisi ya nyumba. Hakuna aliyetukanwa ndani yake. Watu wanasubiri tu, wanazoeana, wanagombea kivuli, na labda hilo ndilo lililowaudhi wakaguzi. Basi akaamua kuitengeneza chini kwa chini.

Aliwapata watu watatu. Shemeji yake, mdogo wa mumewe, alikuwa mpiga picha za video za harusi, mwenye kamera kubwa iliyomfanya bega moja liwe chini kuliko lingine. Fundi redio wa mtaa wa pili alijitolea kwa upande wa sauti. Na mdogo wake wa kike, aliyekuwa na miaka ishirini na moja na kibarua cha kushona mapazia, akaombwa aje kusaidia siku mbili tatu.

Shemeji ndiye aliyeleta ujanja. Harusi haikuhitaji kibali. Katika maisha yake yote, alisema, hakuna askari wala mkaguzi aliyewahi kumuuliza anafanya nini barabarani na kamera, maadamu kuna bibi harusi mbele yake. Kwa hiyo bibi harusi awepo katika kila picha, na mdogo mtu ndiye akavalishwa gauni. Akitokea mtu wa ofisi, wote wapige makofi na vigelegele mpaka apite.

Hebu fikiria kazi aliyopewa mwandishi. Una foleni ya watu waliochoka, na katikati yake lazima kuwe na msichana mwenye gauni jeupe linaloburura chini, shela, na maua ya plastiki. Bombani yupo. Kwa daktari wa meno yupo. Kwa fundi viatu yupo, anangoja kisigino. Kila alipotokea ilibidi kuwe na sababu, na sababu iaminike. Kwenye foleni alieleza kwamba anataka nyumba ipatikane kabla bwana harusi hajabadili mawazo. Kwa daktari wa meno alisema hataki picha zote za ndoa atokee amefumba mdomo. Mama Marufuku anasema ujuzi wote alionao aliupata katika siku kumi na tisa za kurekodi, sawa na siku za foleni yenyewe, na ndiyo maana hadi leo akisoma muswada wa mtu swali lake la kwanza ni lilelile: huyu amefuata nini hapa? Waandishi vijana ambao swali hilo limewahi kuwaharibia chakula cha mchana wanajijua.

Miaka mingi baadaye wasomi waliandika makala ndefu kuhusu bibi harusi yule. Mmoja alisema ni alama ya matumaini. Mwingine akasema ni ndoa ya raia na dola. Nilimpelekea makala hizo zote, nikajifanya nimekuja kuazima stepla ili nimtazame usoni akizisoma. Alizisoma kwa heshima, akavua miwani, akasema: “Wamesoma hawa. Sisi tulikuwa tunaogopa tu.”

Na woga wenyewe haukuwa wa bure. Siku ya saba mkaguzi alitokea kweli, na mkoba wake kwapani. Makofi yakapigwa. Mkaguzi akampongeza bibi harusi, akauliza bwana yuko wapi. Fundi redio, ambaye hajawahi kuigiza hata kwenye picha ya kitambulisho, akainua mkono. Mkaguzi akamvuta kando akampa nasaha za ndoa dakika kumi na mbili, na shemeji hakuzima kamera. Nasaha zile zimo kwenye filamu, na nimewasikia watu wakizisifu kwamba zimeandikwa kwa ustadi mkubwa.

Kaseti ziligawanywa mkono kwa mkono, kila moja na kikaratasi kilichoandikwa “Harusi ya Binamu.” Hapo ndipo shemeji alipoboronga. Wiki hiyohiyo alikuwa amerekodi harusi halisi ya binti wa mwenye duka la vyombo, na kaseti zote zilikaa kabati moja. Familia ya mwenye duka ikapelekewa Dirisha la Nne. Harusi yao ikaenda kwa kikundi cha walimu na wanasheria waliokutana sebuleni kwa daktari mmoja kuangalia filamu zisizo na kibali. Wasomi wale waliangalia harusi ya watu dakika mia na kumi bila kukohoa. Walivutiwa hasa na kukatwa kwa keki, kulikochukua dakika kumi na tisa. Mmoja alisema hajaona mwongozaji mwenye ujasiri wa kuiacha kamera itulie kiasi kile. Ripoti yao ya kurasa nne ipo, nimeisoma, na ndani yake kuna maneno “ukimya mzito wa shangazi.” Huko kwa mwenye duka, bibi yake bibi harusi aliitazama foleni tangu mwanzo hadi mwisho, akauliza ni lini mjukuu wake amekuwa mweusi na mrefu hivyo, kisha akaomba irudiwe. Kwa hesabu zangu yeye ndiye mtazamaji wa kwanza kuipenda.

Upepo ulipobadilika na ofisi ya ukaguzi ikafungwa, kampuni yetu ilianzishwa kwenye jengo hili lililokuwa ghala la karatasi. Tangazo la kwanza la ajira lilitafuta mpiga chapa. Alikuja, akachapa ukurasa wa majaribio bila kosa, akaajiriwa. Kuhusu Dirisha la Nne hakusema kitu. Angeonyesha nini? Hakuwa na jina popote.

Kazi ilikuwa kunakili miswada ya wengine ili isomeke. Mwaka uleule mwongozaji wetu mashuhuri, ambaye wakongwe bado wanamwita Bwana Kata kwa kuwa alisema “kata!” hata nyumbani kwake mezani, alileta muswada wenye polisi aliyeingia na kutoka kila baada ya kurasa mbili bila sababu. Uliporudi kutoka kwa mpiga chapa, polisi alikuwa anamtafuta mbwa wake. Bwana Kata alisoma mara mbili, akaita watu, akawaambia kwamba hakumbuki kumwandikia polisi mbwa ila anajipongeza. Ilipita miswada mitatu ya namna hiyo kabla hajashuka ngazi mwenyewe na kusimama mlangoni kwa mpiga chapa. Alimuuliza kama anajua kuandika. Akajibiwa kwamba anajua kuchapa, ila mkono una kiherehere. Wiki iliyofuata alipewa meza ya juu, ghorofa ya tatu.

Na hapo akakwama. Alikuwa na karatasi, kalamu mpya, dirisha linalotazama maegesho, na ruhusa ya kuandika chochote anachotaka. Miezi saba hakuandika kitu. Alipanga droo, akaipangua. Hakuna aliyemkataza lolote, na yeye alikuwa amejifunzia kazi ndani ya makatazo. Mwishowe alimwendea mtayarishaji na ombi ambalo mzee yule hadi leo akilisimulia anafuta machozi kwa kucheka: alimwomba amkataze kitu. Chochote kile. Mtayarishaji alidhani anataniwa, akachana kipande cha karatasi akaandika: “Marufuku kuonyesha mlango.” Mama akatoka nacho amekishika kwa mikono miwili. Baada ya wiki kumi alileta muswada wa filamu yetu ya kwanza kujaza kumbi, ile ya familia inayohama nyumba, ambayo watu wanaingia kwa dirisha, kwa ngazi ya mafundi, kwa ukuta uliobomoka. Ilionyeshwa miezi minne mfululizo, na sijakutana na mtazamaji aliyegundua kwamba mlango haumo.

Tangu hapo hakuanza filamu bila kuomba marufuku yake. Ziko kumi na nne, zimebandikwa ukutani juu ya meza, kila moja kwa mwandiko wa mtu mwingine. Marufuku mvua. Marufuku mtu yeyote kukaa kitako. Marufuku neno “pole.” Moja iliandikwa na mke wa mlinzi, aliyekuja kuleta mwavuli akakutwa kwenye korido: marufuku mwanamke kungoja. Filamu iliyotokana na hiyo ilipata tuzo mbili. Yangu mimi ni ya nane. Nilimkataza simu, nikidhani nimemkomesha. Akaandika wapenzi wanaoishi kwenye majengo mawili yanayotazamana na kupelekeana ujumbe kwa nguo zilizoanikwa. Mke wangu ameiangalia mara nne na siku hizi anazitazama soksi zangu kwenye kamba kwa macho ya kutilia shaka.

Ana kasoro zake, na mdaku mwenzangu yeyote angenilaumu nisipozitaja. Haazimishi kalamu. Chai yake huisahau hadi ipoe, kisha hulalamika kwamba jengo hili halina chai ya moto. Mazungumzo ya wahusika huyajaribu kwa sauti. Mhudumu mpya wa mapokezi nusura aache kazi siku yake ya pili aliposikia Mama anagombana na wanaume wawili chooni, akaenda kuita mlinzi, mlinzi akamwambia arudi akae, Mama yuko peke yake. Lakini waandishi tisa wanaofanya kazi leo hapa na kwingineko wamepita mikononi mwake, na hakuna hata mmoja aliyewahi kuandikiwa “Haufai” pembeni ya ukurasa. Alichora mstari chini ya sentensi, akaandika: “Endelea kutoka hapa.”

Sasa fomu. Kila aliyeiona Dirisha la Nne anajua inavyokwisha. Siku ya kumi na tisa bibi harusi anafika dirishani. Karani anamwambia arudi kesho. Bibi harusi anamtazama, anasema: “Kesho sirudi. Kesho njooni nyinyi.” Anavua shela, anaitundika kwenye komeo la dirisha, anaondoka, na foleni nzima inageuka kumtazama. Maneno yale yalitoka kwenye kaseti yakaingia mitaani. Yaliandikwa kwenye kuta na kwenye fulana, na watu waliyasema kwa mabosi wao, kwa wenye nyumba wao, hata kwa wachumba wao. Shemeji alipoitoa siri gazetini na kumtaja aliyeiandika, jina la Mama liliambatana na maneno hayo moja kwa moja. Miaka kumi na mitano iliyopita, alipopewa tuzo ya heshima, mshereheshaji aliyatamka jukwaani na ukumbi mzima ukasimama. Mama aliinama, akashukuru. Nilikuwepo, nilipiga makofi mpaka viganja vikauma. Niliona mwanamke mmoja mstari wa tatu amebaki amekaa, nikadhani ni mgonjwa wa magoti.

Alikuwa mdogo wake. Hayo niliyajua mwezi jana, nilipombana Mama kuhusu fomu mara ya kumi labda, akachoka na mimi, akasema tu: “Kuna mtu hajaulizwa.” Kati ya wale wanne wa filamu, ambaye sikuwahi kumsikia akimtaja ni mdogo wake tu. Nikachukua likizo ya siku moja nikaenda kumtafuta.

Duka lake liko kwenye mtaa wa mafundi cherehani, la mapazia na sare za shule, na limejaa vitambaa kiasi kwamba mgeni huingia kwa ubavu. Ana miaka hamsini na minne, mrefu, ana macho ya dada yake ila hana subira yake. Kwa kuwa yule ni Mama, huyu nikamwita Mama Mdogo. Akacheka, akanipa kigoda, akaniuliza kama nimetumwa. Nikasema sijatumwa, nimekuja kwa udaku wangu. Nadhani hilo ndilo lililonifungulia mdomo wake.

Alinieleza kwamba ile siku ya kumi na tisa gauni lilikuwa limechoka kuliko yeye. Zipu ilikufa siku ya kumi na moja, na tangu hapo mgongo mzima ulishikwa na pini. Walikuwa ndani ya ukumbi wa posta iliyohamishwa, joto kali, na fundi redio amevaa kofia ya karani nyuma ya dirisha. Muswada ulisema aambiwe arudi kesho, kisha aegemee ukuta alie. Alipoambiwa, pini moja ikafunguka ikamzama mgongoni. Kilio hakikuja. Yalikuja yale maneno, na alikuwa anamwambia kila mtu mle ndani, dada yake akiwa wa kwanza. Akavua shela akatoka, anakwenda nyumbani kweli. Shemeji hakuzima kamera kwa kuwa alidhani mwandishi amebadilisha. Mwandishi alinyamaza kwa kuwa alidhani shemeji amemwelekeza. Fundi redio alidhani wote wawili wamemficha kwa makusudi, akanuna siku mbili. Walimkuta nyumbani ameloweka miguu kwenye beseni, damu imekauka kwenye gauni la kukodi, na dada yake akamuuliza kama anaweza kurudia. Hakurudia. Tunachokiona kwenye filamu ni ile mara moja.

Hawakugombana kwa ajili ya tuzo. Waliendelea kutembeleana, kuuguzana, kuozeshana watoto. Ila filamu haikutajwa tena baina yao tangu siku ile ukumbini, miaka kumi na mitano, na nyumba yenye kitu kisichotajwa kila mtu hutembea kwa kukwepa. Nilimuuliza kama anataka jina lake liwekwe. Alikata uzi kwa meno, akasema: “Mwanangu, jina ninalo tangu nizaliwe. Mwambie dada aje aniulize ilikuwaje. Miaka yote hiyo hajaniuliza.”

Ujumbe huo nilimfikishia Mama neno kwa neno, ilikuwa saa sita mchana. Aliinua kikombe cha kalamu, akatoa fomu, akachukua mkoba wake. Nilijitolea kumwendesha kwa kisingizio kwamba kona za mtaa ule zinachanganya. Hazichanganyi. Njiani alisema kitu ambacho amenipa ruhusa nikiandike, maana nilimwomba mara tatu. Alisema watu wamemjua kwa sentensi ile moja, na sentensi ile moja ndiyo ambayo hakuiandika. Kazi yake ilikuwa kutupa ukurasa wake mwenyewe na kuacha wa mdogo wake, akajiambia kwamba hiyo nayo ni kuandika. Lakini kila alipopigiwa makofi aliogopa. Aliogopa kwamba akiirudisha kwa mwenyewe, hatabaki na kitu, atakuwa yule mpiga chapa wa barua arobaini kwa siku. Mtu mwenye filamu kumi na nne! Nilitaka kumbishia, nikaona machozi, nikatazama barabara.

Waliingia chumba cha nyuma, pazia likashushwa. Nilikaa dukani katikati ya sare, na kwa uaminifu wote nilisogeza kigoda karibu iwezekanavyo. Sikuambulia kitu. Nilisikia cherehani imesimama. Nilisikia Mama akiuliza, kwa sauti nyembamba nisiyowahi kuisikia ofisini, kama ile pini iliacha kovu. Kisha minong'ono, kisha mmoja analia, kisha wote wawili wanacheka mpaka mteja aliyekuja kuchukua kaptula ya mwanawe akaniuliza kuna nini. Nikamwambia sijui, na ilikuwa kweli. Yaliyosemwa mle ndani ndiyo habari pekee ya maisha ya Mama ambayo nimekubali kutoijua.

Fomu ile ina mstari mmoja tu wa mwandishi. Walipotoka nilipewa niibebe, na bila shaka niliisoma kabla sijafika kwenye gari. Mdogo mtu alikuwa ameandika jina la dada yake, kwa herufi za fundi anayechora kwa chaki. Mbele ya jina hilo, kwa mwandiko ninaoujua, yamesongamana maneno mawili zaidi: jina la mdogo mtu. Ijumaa, taa za ukumbi zitakapozimwa, mtayaona majina yote mawili, la mdogo likitangulia.

Tuliporudi ofisini nilimwambia kwamba ukurasa wa nyuma wa programu bado mtupu. Kampuni imemwomba orodha ya filamu zake kwa kila kalenda na kila maadhimisho, na kila mara amekataa, akisema orodha ni za dukani. Alikuwa amekwisha kufungua mlango wa gari. Akaufunga tena. “Weka zote kumi na nne,” akasema. “Hizo nimeandika mimi.” Ziko huko nyuma, Mama, zote, na tarehe zake.

Kwa niaba ya wote uliotuchorea mstari na kutuambia tuendelee kutoka hapo, tunakushukuru kwa moyo mkunjufu. Nenda ukapumzike, ule kwa wakati, unywe chai ikiwa ya moto. Tunakutakia afya, na miaka mingi mizuri, wewe na mdogo wako mkae kitako mmalize maongezi yote mliyoyaacha kiporo.